Midomo ya Mlekwa

Kamera ilinasa kila kitu, sauti ikabaki porini.
Waya wa maikrofoni, ule niliokopa Tabora mjini,
ulikuwa umekatika ndani kwa ndani, pasipoonekana,
nami nilikuja kujua baada ya miezi minne,
tumbo limenitangulia mezani,
mzee ameshazikwa.

Picha zipo. Ni nzuri hata zinaudhi.
Aprili, mvua za mwisho, Mlekwa anachanja gome la myombo
kutoka juu kuja chini, anapenyeza kabari,
analivua zima
kama mtu avuaye kanzu ya kuazima.
Anazishona kingo kwa kamba ya gome lilelile,
anaziba matako ya mzinga kwa nyasi za kusuka.
Shoka linaanguka bila kishindo.
Mbwa anabweka, hakuna kitu.

Halafu pale nilipopafuata mwendo wote ule:
yuko juu ya mti, kwenye mzinga wa zamani,
kienge kinafuka mkononi,
anausogezea mzinga uso wake, karibu kuubusu,
na midomo inacheza.
Sekunde thelathini na nane.
Maneno ya nyuki, alipewa na mjomba wake,
na Ipole nzima hakuna mwingine aliyepewa.
Vijana wana masanduku yenye namba za mradi
na kofia za wavu.

Mhariri wangu akasema: weka filimbi hapo, nani atajua?
Nani atajua.
Nikaifunga kompyuta, nikaenda kujifungua.

Nilirudi na mtoto mgongoni, jenereta na shuka jeupe.
Tukalitundika kwenye ukuta wa bani la tumbaku.
Kila mtu akamtilia Mlekwa neno kinywani.
Mwalimu Sizya: hayo ni matambiko.
Kiongozi wa kwaya: ni zaburi, mzee alibatizwa.
Watoto wakamfanya atangaze mpira,
dakika ya tisini, anapiga shuti, gooo!
watu wakacheka hadi shuka likatikisika.
Mkewe, Kalunde, hakucheka.
"Nimempikia miaka arobaini.
Ya juu ya mti aliyaacha juu ya mti."

Ndipo akasogea Nyamizi, binti yao,
homa ilimziba masikio akiwa wa miaka miwili.
Babaye hajamsikia hata siku moja;
amemtazama tu, maisha yake yote.
Akanionyesha kidole: rudisha.
Nikarudisha. Rudisha tena.
Mara ya tatu akaokota mkaa
na kando ya shuka, kwa mwandiko wa shule ya viziwi,
herufi nene, zimesimama wima, akaandika:

*Wenye nyumba, ni mimi tena.
Leo nina mgeni. Ana jicho la kioo,
msilione vibaya, halitoi asali.
Huyu msimuume. Ni wawili.
Mwenyewe bado hajasema.*

Jenereta likanguruma peke yake.
Aprili ile sikuwa nimemwambia mtu,
si mama yangu, si mwenye mimba yake.
Nilidhani nimekwenda kumhifadhi mzee.

Sizya alikuna kidevu: haya si maneno ya jadi,
ni mazungumzo tu.
Kalunde akaninyang'anya mtoto mgongoni,
akamgeuza huku na huku kwenye mwanga wa projekta
kama mtu akaguaye sega.

Filamu nimeiacha bubu kwa sekunde zile.
Maandishi chini nimeyaweka, ila mistari miwili ya mwisho
nimejibakishia.
Ukutani nasikia mvua ya Novemba iliyafuta yote.

Mwanangu sasa ana miaka mitatu.
Juzi nyuki alimtua kwenye kifundo cha mkono.
Akatulia, akamtazama, akamnong'oneza kitu.
Aliyepiga kelele ni mimi.